Msibani Walicheka Waliposikia “Magongo”

Msoma wasifu alikuwa na sauti nzuri. Hilo ndilo lililoniponza.

Tulikuwa Mafinga, Kinyanambo, mwezi wa saba, kwenye ule ubaridi wa asubuhi ambao hata wafiwa huuzungumzia kabla ya kumzungumzia marehemu. Jeneza lilishawekwa chini ya turubai. Karatasi niliyokesha nayo ilikuwa mkononi mwa mzee wa kanisa mwenye sauti ya mtangazaji wa redio. Akasoma mama mdogo alivyozaliwa, mtoto wa tano kati ya saba. Akasoma ubatizo, kipaimara, shule ya msingi, JKT. Kisha akafika kwenye mstari wangu:

“Marehemu aliwahi pia kuchezea timu ya taifa ya mpira wa magongo.”

Akatulia, kama wasomaji wazuri wanavyotulia.

Benchi za nyuma kijana mmoja akauliza, si kwa sauti kubwa lakini ya kutosha, “Gongo kabisa? Ulanzi ulikuwa umeisha?” Gongo la kwetu ni pombe kali, ulanzi ni pombe ya mianzi. Kicheko kikatembea safu hadi safu, kile cha msibani cha kuzibia mdomo kwa kitenge. Mzee wa kanisa mwenyewe alitabasamu, halafu akaingia kwenye ugonjwa wa marehemu.

Na mimi nilicheka.

Hii ni wiki ya saba. Nimerudi zangu Uyole, nimelima bustani, nimegombana na fundi bajaji, nimeandika hapa makala mbili za mambo mengine. Kicheko hakijatoka.

Neno “aliwahi”

Wasifu wa msibani una reli zake. Unaanza kuzaliwa, unapita kanisani, unapita shule, kazi, ndoa, watoto, unafika hospitali, unashukia “Bwana alitoa na Bwana ametwaa.” Mweka hazina wa kikundi cha akina mama ana kituo chake kwenye reli hiyo. Mchezaji hana.

Saa nane usiku nilimfuata mama jikoni nikamuuliza tuandike nini kuhusu ile hoki. Hakugeuka kutoka kwenye sufuria. “Andika alipenda michezo.”

Nilikataa. Nilijiona shujaa kwa kukataa. Nikaandika “aliwahi pia”, nikalala nusu saa na dhamiri safi.

Sasa nalitazama lile “aliwahi” na naona haya. Ni neno la mtu aliyewahi kuendesha lori, aliyewahi kuishi Tunduma. Halafu nikaongeza “pia”. Yaani kwanza alikuwa mtu, kisha pembeni, kama nyongeza ya nyama sokoni, kulikuwa na hilo.

Nilitoa mstari mmoja kwa miaka ambayo nilikuwa siijui hata idadi yake.

Komeo

Gongo lenyewe nililijua. Kila aliyefika kwa mama mdogo alilijua, kwa sababu lilikuwa komeo la mlango wa jiko. Usiku unaliingiza kwenye vishikio viwili vya chuma na mlango haufunguki hata aje nani. Mpini umefungwa utepe uliochakaa ukawa mweusi. Chini limejikunja kama herufi J. Upande mmoja ni bapa, upande wa pili ni mviringo.

Baada ya mazishi nilikaa nalo jikoni. Kulikuwa na michubuko upande bapa tu, ule wa mviringo ulikuwa laini kama siku lilipotoka dukani. Nikadhani ni bahati. Baadaye nikasoma kwamba ndiyo sheria: mpira haupigwi kwa upande wa mviringo, ukiutumia ni faulo. Kwa hiyo gongo lilikuwa limeandika wasifu wake lenyewe, na halikutumia “aliwahi”.

Mama mdogo alifanya biashara ya mbao, kama nusu ya Mafinga. Alikuwa akipiga ubao kwa kifundo cha kidole na kukuambia umekauka au bado. Siku moja, nikiwa kidato cha pili, nilimuuliza kwa nini hachongi magongo auze, na miti ya Sao Hill ipo pale nje imejaa. Akasema alijaribu. Paina ni laini, linapasuka wiki ya kwanza. Mlingoti, yaani mkaratusi, ni mzito, mtoto hawezi kuugeuza. Ya zamani, akasema, yalitoka India na Pakistani, yakichongwa kwa mforosadi, mti unaokubali kupindwa. Ya siku hizi ni nyuzi za kioo na kaboni, hayana mti ndani.

Alikuwa ameshatengeneza kumi na moja ya mlingoti kwa ajili ya wasichana wa shule fulani ya msingi. Mwalimu mkuu aliyaona akasema hayo ni marungu. Yaliishia kwenye kuni. Alinisimulia akicheka, nami nikacheka naye. Leo ndipo naiona ile kumi na moja. Timu kamili.

Kumi na nane

Wiki ya pili baada ya msiba nilianza kutafuta mpira wa magongo wa Tanzania. Kitu cha kwanza nilichokipata kilikuwa Moscow, 1980.

Michezo ile sisi tunaijua kwa majina mawili: Filbert Bayi na Suleiman Nyambui, fedha mbili, na bado tunazisimulia. Kumbe tulipeleka na timu ya magongo ya wanaume. Nchi nyingi ziligoma mwaka ule, mashindano yakabaki na timu sita. Majina ya wachezaji wetu ukiyasoma utasikia Dar na Moshi ya zamani: Wagoa, Makalasinga, Wahindi, na Waswahili wachache katikati yao.

India ilitufunga 18 kwa 0.

Nilipiga picha ya skrini, nikaituma kwenye grupu la familia. “Kumbe mchezo wa mama mdogo ndio huu,” nikaandika, na vikaragosi vitatu vya kulia kwa kicheko. Binamu zangu wakajibu kwa vikaragosi kumi.

Kama dakika tano hivi nilikuwa mtu mcheshi sana.

Halafu nikafanya hesabu, sijui kwa nini. Mechi wakati ule ilikuwa dakika 70. Mabao 18 ndani ya dakika 70 ni bao karibu kila dakika nne. Kila mara unarudi katikati, unauweka mpira, unaanza upya, huku unajua. Hakuna aliyeondoka uwanjani. Walicheza mechi zote, wakashika nafasi ya sita kati ya sita, wakarudi nyumbani kwenye nchi ambayo ilikuwa ikiwapokea wanariadha wawili.

Siku kadhaa baadaye nilirudi kwenye grupu kufuta ujumbe. Muda wa kufuta kwa wote ulikuwa umepita. Upo mpaka leo.

Lililoniumiza si zile 18. Ni kwamba nilimcheka kijana wa benchi ya nyuma moyoni kwa ushamba wake, nami nikafanya jambo lile lile nikiwa nimekaa na simu nzuri.

Afande

Kuna mwanamke alifika msibani amechelewa, ameshuka basi la usiku kutoka Dar, amevaa koti la traksuti la bluu juu ya gauni jeusi. Alisimama kaburini wima kuliko sisi wote, akatupa udongo kwa mkono wa kushoto, akaondoka kabla ya chakula. Watu walimsema kidogo kuhusu huo mkono.

Mama alikuwa na namba yake. Nilikaa nayo siku tisa bila kupiga.

“Shikamoo, afande.”

“Marahaba. Wewe ndiye uliyeandika ile karatasi?”

Nikasema ndiyo. Nikaanza kuomba radhi kwa kicheko cha watu. Akanikatiza.

“Kicheko mbona tumekizoea. Hata kambini walikuwa wanatuita kina Gongo. Umesahau nafasi yake. Mtu akicheza unasema alicheza wapi. Huwezi kusema mtu alikuwa jeshini basi, bila kusema kikosi.”

Sikuwa najua nafasi yake. Nilikuwa sijui hata nafasi zipo ngapi.

Akanifundisha kwa simu kama saa nzima, kwa salio lake. Nilimwomba nimpigie mimi, akasema nisimpotezee muda. Watu kumi na mmoja. Uwanja wa mita 91.4 kwa 55. Mpira mgumu, gramu 156 hadi 163, “ukikupata kwenye ugoko unaona mababu zako.” Na gongo. Kuhusu gongo alisema jambo ambalo sikulitegemea.

Magongo yote ni ya aina moja. Hakuna la mashoto. Upande bapa uko kushoto kwenye kila gongo, na kila mchezaji analishika vile vile: mkono wa kushoto juu, wa kulia chini. Anayetazama kwa mbali anadhani mkono wa kulia ndio unaofanya kazi kwa sababu ndio unaosukuma. Lakini anayeligeuza gongo, kulia kushoto kulia, ili ule upande bapa ufuate mpira, ni mkono wa juu. Wa chini unalegea na kuacha mpini uzunguke ndani yake.

“Mama yako mdogo alikuwa shoto,” afande akasema. “Siku ya kwanza kocha alitupanga mstari, anatupa magongo, sisi wote tunahangaika na mikono. Yeye alilishika tu, likakaa.”

Nilinyamaza. Ukoo mzima unajua hadithi ya mkono ule. Bibi, Mungu amrehemu, aliufunga kwa kitambaa wakati wa kula. Mwalimu wa darasa la kwanza aliuchapa. Mpaka anakufa, mama mdogo alipokea pesa kwa mkono wa kulia kwa makini, kama mtu anayevuka daraja la mti mmoja, kisha akageuka na kupima ubao kwa kushoto.

Na kulikuwa na mahali ambapo watu walipanga mstari kujifunza kuutumia mkono wa kushoto, na wa kwake ulikuwa tayari.

Nikauliza, ndiyo maana ulitupa udongo kwa…

“Ndiyo.”

Mpira usioruka

Pasipoti yake ina mihuri ya Namanga. Mama mdogo kuhusu safari hizo alikuwa na sentensi moja tu, na nimeisikia mara nyingi tangu utoto bila kuielewa: “Kule City Park mpira hauruki.”

City Park ni uwanja wa magongo wa Nairobi. Kenya ni nchi nyingine kabisa katika mchezo huu. Mwaka 1971, Kombe la Dunia la kwanza kule Barcelona, Kenya ilishika nafasi ya nne duniani. Nahodha wao wa miaka ile, Avtar Singh Sohal, alicheza Olimpiki nne, kuanzia 1960 hadi 1972. Ninaandika haya na wivu fulani. Majirani hawa tunawasema kwa riadha tu.

Sasa, kuhusu kuruka. Afande aliniambia wao walijifunzia kwenye udongo na nyasi za kawaida. Mpira kwenye udongo unaruka, unagonga kifundo cha nyasi, unabadili mawazo. Unajifunza kuinama na kuusubiri, kuukaribisha. Miili yao ilikuwa imezoea hivyo kwa miaka. Kisha wakapelekwa kwenye kapeti, yaani nyasi bandia, mara ya kwanza maishani, siku mbili kabla ya mechi, na mpira ukawa unakuja umelala chini kama umekatwa kwa wembe, haraka kuliko walivyozoea, na haurukiruki hata kidogo. Wakawa wanausubiri mruko ambao hauji. Mpira umeshapita.

Olimpiki ilihamia kwenye nyasi bandia Montreal, 1976. Watu wa mchezo huu husema kapeti ndiyo iliyowashusha hata Wahindi wenyewe. Baada ya dhahabu yao ya nane, ile ile ya Moscow, walikaa miaka 41 bila medali mpaka shaba ya Tokyo. Kama India, yenye viwanja na mamilioni ya watoto wenye magongo, ilitikiswa namna hiyo, wasichana wa kwetu waliotoka kwenye udongo wangefanya nini?

Nilimuuliza afande walifungwa ngapi.

“Tulifungwa.”

Ngapi, afande?

“Mwanangu, nimeshakwambia. Tulifungwa.”

Nafasi yake

Kuna kitu kinaitwa kona fupi. Faulo ikitokea ndani ya lile duara la mbele ya goli, timu inayolinda inabaki na watu watano tu nyuma ya mstari, kipa na wanne. Wengine wote wanarudishwa katikati ya uwanja. Mpira unasukumwa kutoka mstari wa mwisho, mita kumi kutoka kwenye nguzo ya goli, unasimamishwa nje kidogo ya duara, kisha mtu mmoja aliyechaguliwa kwa kazi hiyo anauachia kuelekea golini. Wale wakali wanauvuta na kuurusha kwa zaidi ya kilomita 100 kwa saa.

Katika wale wanne, mmoja kazi yake ni kukimbia. Mpira ukisukumwa tu anachomoka kwenye mstari wa goli, moja kwa moja kumfuata mpigaji, ili aufike kabla haujaachiwa au auzuie kwa gongo, na gongo likishindwa, basi kwa mwili. Wanaitwa wakimbiaji wa kwanza.

Mama mdogo alikuwa mkimbiaji wa kwanza.

Siku hizi wanavaa barakoa ya uso na kinga za magoti. Wakati wao, afande alisema, barakoa zilikuwa mbili kwa watu wanne. Aliyepaswa kuleta nyingine hakuleta. Walipeana zamu.

Hapo ndipo nilipoelewa lile jino. Sisi watoto tuliambiwa alianguka na baiskeli.

Kimataifa?

Naomba nikiri jambo. Kufikia hapo nilikuwa nimeanza kumpandisha cheo marehemu. Nilishaandika rasimu ya makala hii yenye maneno “gwiji” na “shujaa asiyeimbwa”. Nilishatafuta mfano wa kumfananisha naye, nikaupata: Moscow hiyo hiyo ya 1980, wanawake wa Zimbabwe, timu iliyokusanywa ndani ya wiki chache baada ya wengine kugoma, nchi haijafikisha hata miezi minne ya uhuru, wakachukua dhahabu ya kwanza ya Olimpiki ya magongo ya wanawake. Nikaona hiyo ndiyo hadithi. Kumbe inawezekana!

Lakini wale walikuwa Wazungu watupu, waliokua na magongo mashuleni na kwenye vilabu vyao. Hadithi yao haikuwa ya mama mdogo, na nilikuwa naikopa kwa sababu ina medali.

Kwa hiyo niliuliza swali ambalo nilikuwa nalikwepa. Afande, kusema ukweli, alikuwa mzuri?

Alifikiri. Nilisikia daladala ikipita upande wake.

“Hapana. Si sana. Alikuwa na mguu mzito, na pasi zake zilikuwa zinachelewa. Kulikuwa na wasichana wazuri kuliko yeye.” Kisha: “Ila alikuwa hakwepi. Ukishakimbia ile kona mara moja ukapigwa, ya pili mwili unapinda wenyewe, hata hujui. Yeye alikuwa hapindi.”

Safari mbili za nje. Mechi nilizoweza kuhesabu na afande hazifiki kumi na tano. Ushindi, mmoja anaoukumbuka vizuri. Goti likaisha akiwa hajafika miaka thelathini na mbili, akarudi Mafinga kwenye mbao. Hii ndiyo inaitwa maisha ya mchezaji wa kimataifa? Kijana wa mtaani kwangu aliyekaa benchi misimu miwili kwenye timu ya ligi daraja la kwanza hanunui chai Mwanjelwa mpaka leo, watu wanamlipia.

Nimeligeuza swali hili wiki nzima, na kila nikilifika naona kosa si la jibu. Mimi nilitaka mechi zake ziwe na watazamaji, hata wa kuchelewa, na nilitaka mtazamaji huyo niwe mimi. Lakini alikuwa nao. Kumi walikuwa uwanjani pamoja naye, na mmoja wao alipanda basi la usiku.

Marumaru

Mwezi ujao tunajengea kaburi. Fundi wa marumaru yuko hapa Mbeya, Kabwe, anatoza kwa herufi. Familia imegawanyika. Mama anataka jina, tarehe na Zaburi. Mimi nilitaka liandikwe neno “magongo”, dada yangu akasema kwenye simu, “Uwape watu cha kuchekea kila wakipita makaburini?” Tukanuniana siku mbili.

Mama ndiye aliyetupatanisha, tena bila kukusudia. “Si mchore tu kile kijiti? Anayekijua atakijua.”

Fundi akaniuliza kama marehemu alikuwa askofu.

Nikamwambia hapana, mfanyabiashara wa mbao.

“Na hii bakora ya kichungaji?”

Nikamweleza. Alisikiliza vizuri, akaandika kwenye daftari, akasema mchoro ni bei ya herufi ishirini. Juzi usiku ametuma picha mbili kwa WhatsApp, michoro ya penseli, upande bapa umewekwa kivuli kidogo kama nilivyomwomba. Kwenye wa kwanza ncha ya gongo inatazama kulia. Kwenye wa pili inatazama kushoto.

“Chagua mkuu,” ameandika, “zote nzuri.”

Nilitoa gongo nyuma ya mlango wangu, maana siku hizi linakaa kwangu. Nikalisimamisha upande bapa ukinitazama. Nikamjibu kwamba ni huo wa kushoto, na kwamba ule mwingine haupo.